Chuo Kilichohamia Katika Kiwanda cha Simu

Mwanzoni mwa muhula huu mwalimu wetu wa darasa alitaka kila mmoja wetu aseme atakwenda wapi baada ya mtihani wa Kidato cha Nne. Wengi walitaja udaktari, uhandisi na sheria, kama ilivyo desturi. Mwenzetu mmoja, ambaye daftari lake la hesabu lina michoro ya viti na taa kuliko hesabu zenyewe, alisema anataka kwenda katika chuo kidogo cha sanaa mjini, chuo cha watu binafsi. Darasa zima likaangua kicheko. Mimi nami nilicheka, tena kwa sauti. Mwalimu hakucheka. Alituuliza kama tunajua chuo cha namna hiyo hufundisha nini, na hakuna hata mmoja aliyeweza kujibu.

Swali hilo lilinikaa moyoni, maana si vizuri kucheka jambo usilolijua. Nikaenda maktaba. Katika makala hii napenda kuwaeleza wasomaji habari za chuo kimoja cha aina hiyo, kilichokuwa katika jiji la Berlin, nchini Ujerumani. Kilidumu kama chuo binafsi kwa muda wa miezi tisa tu, na wanafunzi wake walikuwa mia moja na ushee, yaani hawakufika hata nusu ya shule yetu. Hata hivyo polisi walikuja kukizingira, na walimu wake waliwekwa mahali pagumu sana pa kuchagua.

Jina lake lilikuwa Bauhaus, ambalo kwa Kijerumani ni kama kusema nyumba ya ujenzi. Hakikuanzia Berlin wala hakikuanza kama chuo binafsi. Kilianzishwa na msanifu majengo, Bwana Walter Gropius, mwaka 1919 katika mji mdogo wa Weimar, kwa fedha za serikali. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa imekwisha na Ujerumani imeshindwa. Fikira ya Bwana Gropius ilikuwa hivi: msanii amejitenga na kazi za mikono, anachora picha za kutundikwa katika nyumba za matajiri, naye fundi wa kiwandani anatoa vikombe na viti kwa maelfu, vibaya, kwa kuwa hakuna mtu aliyeketi akafikiri mkono utashikaje kikombe hicho. Yeye alitaka kuwarudisha pamoja. Kwa hiyo huko Weimar kila karakana ilipewa walimu wawili, mmoja msanii na mmoja fundi stadi. Kulikuwa na karakana za useremala, chuma, ufumaji, ufinyanzi, upakaji rangi ukutani na nyinginezo.

Lakini mwanafunzi mpya hakuingia karakana moja kwa moja. Kwanza alipitia somo la awali, na hapa ndipo nilipoanza kuelewa. Mmoja wa waliofundisha somo hilo ni Bwana Josef Albers, aliyekuwa mwalimu wa shule ya msingi kabla ya kuja chuoni yeye mwenyewe kama mwanafunzi. Mwanafunzi wake mmoja alisimulia baadaye kwamba siku moja Bwana Albers aliingia darasani na mzigo wa magazeti, akawagawia, akawaambia watengeneze kitu ambacho ni zaidi ya hayo magazeti waliyopewa. Waiheshimu karatasi, wasiipoteze bure, na kama wakiweza wasitumie mkasi wala gundi. Kisha akatoka.

Aliporudi baada ya saa kadhaa alikuta wengine wametengeneza merikebu, wengine ngome, wengine eropleni na wanyama. Bila shaka kila mtu alingoja sifa. Bwana Albers akasema hayo yote ni mambo ya watoto wadogo, na kwamba yangefaa zaidi kama yangetengenezwa kwa vitu vingine. Halafu akaonyesha kazi moja iliyoonekana kama si kazi kabisa. Kijana mmoja kutoka Hungaria alikuwa amelikunja gazeti kwa urefu tu, likasimama wima lenyewe, kama mabawa mawili. Bwana Albers akaeleza: karatasi ni kitu laini, kikiwekwa hulala, huyu amekipa nguvu kwa mkunjo mmoja, na gazeti ambalo likilala huonekana upande mmoja tu, sasa laonekana pande zote mbili.

Niliposoma hayo sikuridhika. Niliona ni maneno mengi juu ya karatasi iliyokunjwa. Jioni nikaomba gazeti kuukuu kwa mpishi, nikalikunja mikunjo mingi myembamba, huku na huku, kama kipepeo cha kujipungia. Nikalisimamisha juu ya sanduku langu bwenini, nikaweka daftari juu yake. Likasimama. Nikaweka la pili na la tatu. La nne ndilo lililoangusha vyote, na wenzangu wakafurahi sana. Hapo nikainua macho nikayaona mabati ya bweni letu kwa mara ya kwanza, ingawa nimelala chini yake karibu miaka minne. Bati likiwa bapa hupinda kwa uzito wake lenyewe. Hizo tunazoziita migongo ya bati ndizo zinazolishikilia, nazo ni mikunjo ileile ya gazeti. Hakuna chuma kilichoongezwa. Aliyebuni mabati hakusoma Bauhaus, maana mabati ni ya zamani zaidi, lakini jambo ni lilelile, na mimi sikuwa nimeliona.

Basi hilo ndilo lililofundishwa kwanza: si kuchora sura ya mtu ifanane, bali kujua karatasi, mti, chuma na uzi vyaweza nini na haviwezi nini. Baada ya hapo mwanafunzi aliingia karakana, na huko vilitoka vitu ambavyo hata leo twavitumia bila kujua vilikotoka. Chukueni mfano wa kiti. Bwana Marcel Breuer, naye Mhungaria, aliingia Bauhaus kama mwanafunzi wa useremala, akawa mkuu wa karakana hiyo. Kufikia mwaka 1925 chuo kilikuwa kimehamia Dessau, mji wa viwanda. Mwaka huo alijifunza kupanda baiskeli. Alipokuwa akiutazama usukani wake alijiuliza: ikiwa bomba la chuma laweza kupindwa hivi likabeba mtu barabarani, kwa nini lisipindwe likawa kiti? Akatafuta msaada wa fundi wa mabomba, akatengeneza kiti cha mabomba chenye kitambaa cha kukalia. Kilikuwa chepesi, na upepo ulipita ndani yake. Viti vya kila namna vya mabomba yaliyopindwa, vinavyoonekana leo katika maofisi na kumbi za dunia, vina ujamaa na kiti hicho.

Mfano mwingine nilioupenda zaidi ni wa Bibi Anni Albers, mkewe Bwana Albers. Huyu hakutaka kufuma. Bwana Gropius alipofungua chuo alitangaza kwamba wanawake na wanaume watakuwa sawa. Lakini wanawake walipokuja wengi kuliko alivyotazamia, wakaanza kusukumwa katika ufumaji, kana kwamba uzi ni wa wanawake na mti na chuma ni vya wanaume. Kwa maoni yangu hili ni doa, na wanaokisifu chuo hiki hawana budi kulitaja. Bibi Albers aliingia ufumaji kwa shingo upande, kisha akafanya huko jambo ambalo nadhani hakuna seremala wa chuo aliyelifanya. Kulikuwa na ukumbi mpya wa shule ya vyama vya wafanyakazi, huko Bernau karibu na Berlin, ambao sauti ilikuwa ikirudi mwangwi. Alifuma kitambaa cha kufunika kuta ambacho upande mmoja kilinyonya sauti, na upande wa pili, kwa kuwa alichanganya nyuzi za selofani, kilirudisha nuru ukumbini. Kitambaa kimoja, kazi mbili. Kwa kazi hiyo alipata stashahada yake mwaka 1930. Tena mkuu wa karakana ya ufumaji, Bibi Gunta Stölzl, alikuwa amepanda kutoka uanafunzi wa chuo hichohicho.

Sasa msomaji atauliza, kama alivyouliza rafiki yangu wa kitanda cha juu: chuo cha viti na vitambaa kinamdhuru nani hata polisi waje?

Jibu ni kwamba tangu mwanzo kilikuwa na maadui. Walimu wengine walikuwa wageni, kama Bwana Wassily Kandinsky, mchoraji maarufu kutoka Urusi. Wanafunzi wengine walikuwa Wayahudi, wengine wakomunisti. Majumba waliyoyabuni yalikuwa na mapaa bapa, na wapinzani wao walishika neno kwamba paa bapa si la Kijerumani. (Ajabu ya dunia, watu kugombana juu ya uzalendo wa paa.) Mwaka 1924 serikali mpya ya jimbo ilipunguza fedha za chuo mpaka nusu, na ndipo kilipohama Weimar kwenda Dessau, ambako Bwana Gropius alikijengea jumba lenye kuta za kioo lililofunguliwa Desemba 1926. Jumba hilo lipo hadi leo. Lakini mwishoni mwa mwaka 1931 chama cha Wanazi kilipata nguvu katika baraza la mji wa Dessau, na Agosti 1932 baraza likapiga kura chuo kifungwe. Wengine walitaka hata jumba lenyewe livunjwe.

Mkuu wa chuo wakati huo alikuwa Bwana Ludwig Mies van der Rohe, msanifu majengo, mwana wa fundi mawe. Sitaki kumfanya malaika. Alipochukua ukuu mwaka 1930, wanafunzi walikuwa wamekasirika kwa sababu mkuu aliyemtangulia, Bwana Hannes Meyer, alikuwa ameachishwa kwa ajili ya siasa. Walipogoma, chuo kiliwaita polisi wawatoe. Wengine wakafukuzwa, na wote waliobaki wakalazimika kuomba nafasi upya. Wako waliomchukia hata mwisho. Lakini Dessau ilipofunga milango, huyuhuyu hakukubali chuo kife. Aliamua kukifanya chake, chuo binafsi, katika jiji la Berlin.

Hapa ndipo ninapotaka kukaa kidogo, maana neno binafsi kwetu huleta picha ya majengo mazuri na karo kubwa. Bwana Mies alikodi kiwanda cha simu kilichoachwa, katika mtaa wa Steglitz, pembezoni mwa jiji. Kilikuwa kichafu na kitupu. Walimu na wanafunzi wakaingia wenyewe, wakasafisha na kupaka kuta rangi nyeupe, na masomo yakaanza Oktoba 1932. Fedha zilitoka wapi? Sehemu zilitoka katika karo. Na sehemu nyingine zilitokana na kazi za chuo chenyewe. Miaka michache kabla ya hapo chuo kilikuwa kimebuni karatasi za kubandika ukutani, za rangi nyepesi na mistari midogo, na kiwanda kimoja kilizichapa na kuziuza kwa wingi. Kila zilipouzwa chuo kilipata sehemu yake. Hebu fikirini: chuo cha sanaa kililipiwa pango na kuta za sebule za watu. Kisha Februari 1933 wakafanya dansi ya kuchangisha fedha, wageni wakanunua tikiti za bahati nasibu, na zawadi zikawa kazi za wasanii.

Dansi hiyo ilichezwa majuma machache tu baada ya Hitler kufanywa Kansela wa Ujerumani, tarehe 30 Januari 1933.

Tarehe 11 Aprili 1933 asubuhi, polisi pamoja na askari wa chama cha Wanazi walikizingira kiwanda. Walisema wanatafuta karatasi za kikomunisti. Walipekua kila mahali, wakawakamata wanafunzi 32 ambao hawakuwa na hati za kujitambulisha, wakawapeleka kwa magari. Waliachiliwa baadaye, lakini mlango ulifungwa na kutiwa muhuri. Viti, meza na michoro vikabaki ndani.

Kwa miezi mitatu Bwana Mies alikwenda na kurudi katika ofisi za wakubwa kuomba mlango ufunguliwe. Alimwona hata Alfred Rosenberg, aliyekuwa na sauti kubwa katika mambo ya utamaduni wa chama, wakabishana juu ya jina la chuo na kazi yake. Alikwenda mara nyingi katika ofisi ya polisi wa siri, Gestapo, na kwa maelezo yake mwenyewe aliwekwa kungoja saa nyingi kwenye benchi nyembamba. Wakati huo fedha zilikuwa zikikauka, kwa kuwa chuo kilichofungwa hakipokei karo, nayo Dessau iliacha kuwalipa walimu mishahara waliyoahidiwa.

Mwishowe ruhusa ilipatikana, lakini kwa masharti. Walimu wawili waondolewe: Bwana Kandinsky, na Bwana Ludwig Hilberseimer aliyefundisha mipango ya miji. Mahali pao wawekwe watu wenye kuafiki mambo ya Wanazi, na mafundisho yageuzwe yapatane na matakwa ya serikali. Barua yenye masharti hayo iliandikwa tarehe 21 Julai 1933. Siku moja kabla yake walimu walikuwa wamekwisha kutana na Bwana Mies, akawaeleza hali ilivyo, fedha zilivyo na siasa zilivyo, akapendekeza chuo kivunjwe. Walimu wakakubali. Kwa hiyo barua ilipofika ilikikuta chuo kimekwisha kujifunga chenyewe.

Nimefikiri sana juu ya jambo hili. Mtu aweza kusema: kuwatoa walimu wawili si neno, mradi wanafunzi mia moja wapate kusoma. Mimi mwenyewe juma zima nilikuwa upande huo, na nilimwambia hivyo mwalimu wetu wa historia. Yeye aliniuliza ni mwalimu yupi wa hapa shuleni ambaye ningemtaja kwanza. Sikuweza kumjibu, kwa kuwa alikuwa amesimama mbele yangu. Hata hivyo sioni kwamba ilikuwa ushujaa mtupu, maana mfuko nao ulikuwa mtupu, na kama wangekuwa na fedha sijui wangeamua vipi. Nasema tu kwamba walipewa mlango wazi, nao hawakuingia.

Baada ya hapo walitawanyika. Bwana Albers na mkewe walialikwa Marekani mwaka huohuo 1933, katika chuo kipya kidogo milimani North Carolina, Black Mountain College. Alifika akijua Kiingereza kidogo mno. Alipoulizwa atafundisha nini, alijibu kwa maneno machache ya kukwaruza kwamba anataka kufumbua macho. Bwana Kandinsky alikwenda Ufaransa. Mwalimu mwingine wa zamani, Bwana László Moholy-Nagy, alifungua Bauhaus mpya huko Chicago mwaka 1937. Ikaishiwa fedha kabla ya miaka miwili, naye akaanzisha chuo chake mwenyewe mwaka 1939. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, chuma kilipokuwa adimu, wanafunzi wa chuo hicho walibuni springi za vitanda zilizotengenezwa kwa mbao. Bwana Mies naye alikwenda Chicago mwaka 1938 kufundisha usanifu majengo, na miongoni mwa walimu aliowachukua pamoja naye alikuwapo Bwana Hilberseimer yuleyule ambaye Gestapo walitaka atolewe.

Lakini si wote waliopata meli. Bibi Otti Berger, mfumaji hodari aliyekuwa mwanafunzi na kisha mwalimu wa ufumaji, alikuwa Myahudi. Alitarajia kwenda Chicago, akarudi kwao Yugoslavia kumwuguza mama yake, na njia ikafungwa. Aliuawa katika kambi ya Auschwitz mwaka 1944. Na kuna jambo ambalo lilinifanya nifunge kitabu kwa muda. Mmoja wa waliochora ramani za majengo ya kambi ya Auschwitz, jina lake Fritz Ertl, alikuwa amesoma Bauhaus. Walipita katika chuo kimoja, miaka ileile. Nilikuwa nimekwisha andika, katika rasimu ya kwanza ya makala hii, kwamba mtu aliyefundishwa kuiheshimu hata karatasi hawezi kumdharau mtu. Sentensi hiyo nimeifuta.

Mwenzetu wa michoro ya viti nilimwomba radhi siku ya Jumamosi, tulipokuwa tukifua. Alisema hakukumbuka kama nilicheka, jambo ambalo nadhani si kweli. Nikamwonyesha gazeti langu la mikunjo. Alilitazama, akalikunjua, akalikunja upya kwa mikunjo mipana kidogo na akalizungusha likawa duara, ncha kwa ncha. Likabeba madaftari saba na kikombe cha bati. Kitabu cha maktaba sasa anacho yeye, na kinatakiwa Ijumaa.